Namna ya Kujadiliana na Mwajiri wa Umma Nchini Kenya: Mwongozo kwa Viongozi wa Matawi ya Vyama vya Wafanyakazi

Chama cha wafanyakazi wa kiwanda kikienda kujadiliana, mara nyingi humkuta mezani mwenye mfuko wa fedha au mtu aliyetumwa naye. Katika utumishi wa umma nchini Kenya hali ni tofauti kabisa. Walimu hujadiliana na Tume ya Huduma za Walimu (TSC), lakini fedha zinatoka Hazina ya Taifa na kuidhinishwa na Bunge. Muuguzi wa kaunti huajiriwa na kaunti, ilhali bajeti ya kaunti hupitishwa na bunge la kaunti kutokana na mgao ambao sehemu yake kubwa hutoka Nairobi. Kati yao wote ipo Tume ya Mishahara na Marupurupu (SRC), ambayo haiketi mezani lakini ushauri wake unaweza kuufanya mkataba usimame au uanguke. Mingi ya migomo mikubwa tuliyoishuhudia nchini ilitokana na mkataba uliotiwa saini na ofisi moja huku mzigo wa kuulipa ukiwa wa ofisi nyingine. Kwa sababu hiyo, mwongozo huu unaeleza hatua zote za majadiliano, lakini unakaa zaidi kwenye swali moja ambalo kila kiongozi wa tawi anapaswa kulijibu kabla ya kuandika barua ya kwanza: nani atalipa, na ameshirikishwa lini?

Msingi wa kisheria

Haki yenyewe haina utata. Ibara ya 41 ya Katiba ya mwaka 2010 inampa kila mfanyakazi haki ya kujiunga na chama na kugoma, na inakipa kila chama na kila mwajiri haki ya kushiriki majadiliano ya pamoja. Utaratibu umewekwa na Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya mwaka 2007, ambayo inataja waziwazi kwamba mwajiri wa umma naye anabanwa na wajibu wa kukitambua chama. Wanajeshi na polisi wanaweza kuwekewa mipaka katika haki hizi kwa mujibu wa Ibara ya 24.

Wafanyakazi vijana huichukulia haki hii kama kitu kilichokuwapo siku zote, na ni vyema wakumbushwe kwamba sivyo. Chama cha watumishi wa serikali kilifutwa mwaka 1980, na watumishi hao walikaa takriban miongo miwili bila chombo cha kuwasemea hadi kiliporejeshwa mwaka 2001. Madaktari wa umma walipata usajili wa chama chao, KMPDU, mwaka 2011. Haki iliyopatikana juzi hulindwa kwa kutumiwa ipasavyo, na kuitumia ipasavyo huanza na idadi ya wanachama.

Kutambuliwa na mwajiri

Kifungu cha 54 cha sheria hiyo kinamtaka mwajiri akitambue chama kinachowakilisha zaidi ya nusu ya wafanyakazi wanaoruhusiwa kisheria kujiunga nacho. Maneno hayo ya mwisho ndiyo yanayozusha mabishano. Mameneja na maafisa wa ngazi za juu wanaotekeleza majukumu ya mwajiri kwa kawaida hawahesabiwi. Kwa hiyo, kabla ya kudai kutambuliwa, tawi linapaswa kuwa na orodha ya vyeo vyote vya mahali pale pa kazi na kukubaliana na mwajiri ni vipi vinavyoingia katika hesabu. Tawi ambalo halijaifanya kazi hii hujikuta likibishana kuhusu asilimia mbele ya hakimu, wakati lingeweza kulimaliza jambo hilo katika ofisi ya afisa wa rasilimali watu.

Ushahidi wa uanachama ni Fomu S, ambayo mfanyakazi huijaza na kuitia saini kukubali makato ya ada ya chama kwenye mshahara wake. Pale Waziri wa Leba anapokuwa ametoa agizo la makato, mwajiri hutakiwa kuanza kukata ndani ya siku 30 tangu apokee notisi yenye fomu hizo. Tawi lihifadhi nakala ya kila fomu na nakala ya barua ya kuziwasilisha ikiwa na mhuri wa kupokelewa. Halafu kila mwezi mweka hazina alinganishe majina ya walioijaza na majina ya waliokatwa, kwa kuwa mwajiri wa umma anapobadilisha mfumo wa mishahara, au mfanyakazi anapohamishwa kutoka kituo kimoja hadi kingine, makato hupotea kimyakimya, na chama hugundua kimepungukiwa siku ambayo idadi yake inahojiwa.

Wanaodhani kwamba idadi ikishapatikana haitaondoka watazame yaliyokipata Chama cha Kitaifa cha Walimu (KNUT), kilichoanzishwa mwaka 1957 na kuwa kwa miaka mingi chama chenye nguvu kupita vyote katika utumishi wa umma. Baada ya mvutano wake na TSC mwaka 2019 kuhusu miongozo ya kupandisha walimu vyeo, walimu wengi walijiondoa kwa sababu nyongeza za mkataba uliokuwapo hazikuwa zikiwafikia, na katika muda wa miaka miwili hivi chama kilichokuwa na zaidi ya wanachama 180,000 kilibaki na chini ya 20,000. Kisa hicho kinaonyesha kwamba uongozi unaweza kuwa na hoja nzuri mahakamani na bado ukapoteza wanachama, ikiwa mwalimu wa kawaida haoni mshahara wake ukilindwa wakati kesi inaendelea.

Mkataba wa utambuzi wenyewe uandikwe na utaje jina kamili la mwajiri. Hili linaonekana dogo, lakini ndipo matatizo ya ugatuzi yalipoanzia. Mnamo Juni 2013 madaktari walitia saini mkataba na Wizara ya Afya, katika mwaka uleule ambao huduma za afya zilikuwa zikihamishiwa kaunti. Kaunti zilipotakiwa kulipa zilisema hazikuwa sehemu ya makubaliano hayo. Kwa hiyo, chama cha wafanyakazi wa kaunti kihakikishe kwamba serikali ya kaunti na bodi yake ya utumishi wa umma zimetajwa na zimetia saini. Katika vyuo vikuu vya umma, ambako mabaraza ya vyuo hujadiliana kupitia jukwaa la pamoja, kila baraza liwe limetoa idhini ya maandishi kwa jukwaa hilo. Mtu anayekuambia mezani kwamba "amepewa ruhusa na wakubwa" aombwe kwa heshima aionyeshe barua ya ruhusa hiyo.

Kuandaa mapendekezo

Mapendekezo mazuri hayaandikwi na katibu peke yake usiku. Yatoke kwa wanachama, kituo kwa kituo, kwa sababu shida za muuguzi wa zahanati ya mashambani si zile za muuguzi wa hospitali ya rufaa: wa kwanza atakuambia kuhusu nyumba, usalama wa usiku na kufanya kazi peke yake zamu nzima, na wa pili atakuambia kuhusu wingi wa wagonjwa na saa za ziada zisizolipwa. Baada ya kukusanya, kamati iyagawe madai katika mafungu mawili, yanayohitaji fedha na yasiyohitaji. Matawi mengi hulipuuza fungu la pili, nami naona hapo wanapoteza sana. Utaratibu wa uhamisho, muda wa kushughulikia malalamiko, ratiba ya zamu itolewe siku ngapi kabla, na haki ya mwakilishi wa chama kupata muda wa kuwasikiliza wenzake ni mambo ambayo karibu hayagusi bajeti, na yanaweza kukubaliwa katika vikao vya mwanzo yakajenga mazoea ya kuelewana kabla ya kufika kwenye pesa.

Kwa madai ya fedha, fanya hesabu mwenyewe kabla ya mwajiri kukufanyia. Tuchukulie kaunti yenye wauguzi 600, na chama kinadai marupurupu ya mazingira hatarishi yaongezwe kwa Sh2,500 kwa mwezi. Hiyo ni Sh1,500,000 kila mwezi, Sh18,000,000 kwa mwaka, na Sh72,000,000 kwa mkataba wa miaka minne. Waziri wa fedha wa kaunti akiisikia Sh72,000,000 atakataa papo hapo. Lakini nyongeza hiyohiyo ikigawanywa kwa awamu, yaani Sh1,000 mwaka wa kwanza, Sh1,500 wa pili, Sh2,000 wa tatu na Sh2,500 wa nne, gharama ya mwaka wa kwanza ni Sh7,200,000 tu na jumla ya miaka minne ni Sh50,400,000, na mfanyakazi anaumaliza mkataba akiwa amefikia kiwango kilekile alichokidai. Chama kinachokwenda mezani na majedwali mawili ya namna hii huwa kinaongoza mazungumzo. Ukumbuke pia kwamba nyongeza ya mshahara wa msingi huvuta na michango ya mwajiri ya pensheni, hivyo gharama yake halisi ni kubwa kuliko inavyoonekana, na mwajiri atalisema hilo ikiwa hukulitaja wewe kwanza.

Takwimu unazozihitaji ni haki yako kuzipata. Kifungu cha 57 kinamtaka mwajiri atoe taarifa zote muhimu zitakazokiwezesha chama kujadiliana ipasavyo, hata zile za siri, ambazo chama nacho kinawajibika kuzitunza. Andika barua mapema ukiomba orodha ya wafanyakazi kwa daraja, nafasi zilizo wazi, gharama ya mishahara ya mwaka uliopita na malimbikizo ambayo hayajalipwa. Usingojee majibu pekee: makadirio ya bajeti, taarifa ya mkakati wa fedha wa kaunti na ripoti za Msimamizi wa Bajeti ni nyaraka za umma. Ndani yake utaona kaunti imetumia asilimia ngapi ya mapato yake kwa mishahara. Kanuni za usimamizi wa fedha za kaunti za mwaka 2015 zimeweka kikomo cha asilimia 35, na kaunti iliyokipita itakitumia kama ngao. Jibu la hoja hiyo limo katika nyaraka hizohizo: angalia ni sehemu gani ya gharama hiyo inayokwenda kwa vibarua na wafanyakazi wa kandarasi walioajiriwa nje ya muundo ulioidhinishwa, na sehemu gani inakwenda kwa walio katika kada yako.

SRC na kalenda ya bajeti

Hapa ndipo mikataba ya umma huzaliwa au hufia. Ibara ya 230 ya Katiba inaipa SRC kazi ya kuweka mishahara ya maafisa wa serikali walio katika nyadhifa za kikatiba, na ya kuzishauri serikali ya taifa na za kaunti kuhusu malipo ya watumishi wengine wote wa umma. Ibara hiyohiyo inaielekeza tume izingatie kama gharama inaweza kubebwa na uchumi, kama malipo yatavutia na kuwabakiza wenye ujuzi, kama utendaji unatambuliwa, na kama kuna uwazi na haki. Neno "kushauri" liliwapa watu wengi imani kwamba mwajiri anaweza kuusikiliza ushauri huo na kuuweka kando. Imani hiyo ilipata pigo walimu walipopewa na mahakama ya leba nyongeza ya kati ya asilimia 50 na 60 mwaka 2015. Serikali haikulipa, walimu waligoma, na mnamo Novemba mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikaibatilisha nyongeza hiyo na kuipa uzito mkubwa nafasi ya SRC katika malipo ya watumishi wa umma.

Utaratibu unamtaka mwajiri wa umma apate ushauri wa SRC mara mbili, kabla ya majadiliano kuanza, ili ajue mipaka yake, na kabla ya kutia saini, ili kilichokubaliwa kithibitishwe. Chama kisiuache wajibu huo mikononi mwa mwajiri peke yake. Katika kikao cha kwanza kabisa, dai nakala ya barua ya mwajiri kwenda SRC na jibu lake, na uingize katika kumbukumbu kwamba umeiomba. Ikiwa barua haijaandikwa, kubalianeni tarehe ya kuiandika kabla ya kuendelea na vipengele vya fedha. Pia chama kinaweza kuiandikia SRC chenyewe kikieleza hoja zake kwa mujibu wa vigezo vile vinne vya Katiba. Hoja ya kwamba kaunti inapoteza wauguzi wanaokwenda kufanya kazi ng'ambo inaingia moja kwa moja katika kigezo cha kubakiza wenye ujuzi, na ina nguvu zaidi kuliko kusema kwamba maisha yamepanda, ingawa yamepanda kweli.

Wauguzi waliuonja uchungu wa kutofanya hivi, si kwa uzembe wao bali kwa mvutano baina ya ofisi. Mwaka 2017 mkataba wao na kaunti ulikwama huku SRC ikisema utaratibu wa kupata ushauri wake haukufuatwa. Wakagoma kuanzia Juni 5 hadi mwanzoni mwa Novemba, miezi mitano ambayo wagonjwa maskini waliilipa kwa miili yao na wauguzi wengi kwa kukosa mishahara. Linganisha na mkataba wa walimu uliotiwa saini Oktoba 2016. Huo ulijengwa juu ya tathmini ya kazi iliyofanywa chini ya SRC, ukaanza kutekelezwa Julai 2017, na gharama yake ya takriban Sh54 bilioni ikagawanywa katika awamu nne za miaka ya kifedha hadi 2021. Wapo walimu waliolalamika, na kwa haki, kwamba tathmini ile iliwapendelea walimu wakuu kuliko wa darasani. Hata hivyo fedha zililipwa, jambo ambalo halikutokea kwa nyongeza kubwa waliyoahidiwa mwaka 1997, iliyowalazimu kugoma mara kwa mara kwa zaidi ya mwongo mmoja wakidai sehemu iliyobaki.

Kalenda nayo ni sehemu ya majadiliano. Mwaka wa kifedha huanza Julai 1. Waraka wa bajeti hutolewa kufikia Agosti 30, taarifa ya sera ya bajeti ya taifa huwasilishwa bungeni kufikia Februari 15, taarifa ya mkakati wa fedha wa kaunti hufika bunge la kaunti kufikia Februari 28, na makadirio kufikia Aprili 30. Chama kinachotaka nyongeza ianze Julai kinapaswa kuwa kimepeleka mapendekezo yake kabla ya Septemba ya mwaka uliotangulia na kuwa na ushauri wa SRC mkononi kabla ya Februari. Mapendekezo yanayofika Mei yanakuta meza imeshaandaliwa na sahani zimehesabiwa. Tarehe ya kuanza majadiliano iandikwe ndani ya mkataba wenyewe, kwamba pande mbili zitaanza kujadili mkataba unaofuata angalau miezi 12 kabla ya uliopo kumalizika.

Mezani

Timu iwe ndogo na kila mtu awe na kazi yake: msemaji mmoja, mwandishi wa kumbukumbu, mtu wa hesabu, na wajumbe wawili au watatu wanaozijua kazi za wanachama kwa undani. Wajumbe wasipingane mbele ya mwajiri. Wakitofautiana, msemaji aombe mapumziko watoke nje washauriane. Kabla ya kikao cha kwanza pande zote zikubaliane kwa maandishi kuhusu kanuni za vikao, zikiwamo idadi ya wajumbe, tarehe, nani anagharamia ukumbi, na namna ya kutoa taarifa kwa vyombo vya habari. Kutangaza takwimu redioni majadiliano yakiendelea humfunga mwajiri na huifunga timu yako pia, kwa maana mwanachama aliyesikia asilimia 40 hataipokea asilimia 18 hata kama ndiyo bora iliyowezekana. Wanachama wapewe taarifa kila baada ya kikao, lakini kupitia wawakilishi wao vituoni na kwa maneno ambayo timu nzima imeyakubali.

Mali bila daftari hupotea bila habari, na katika vikao vya umma daftari ni kila kitu, kwa kuwa katibu wa kaunti anaweza kuhamishwa, gavana anaweza kushindwa uchaguzi, na atakayekuja atasema hajui lolote. Kila kikao kiwe na kumbukumbu zilizosainiwa na pande zote mbili katika kikao kinachofuata. Kila kipengele kilichokubaliwa kiwekwe alama na saini fupi za viongozi wa timu zote mbili pembeni, huku ikielezwa kwamba makubaliano hayo yatakuwa na nguvu mkataba wote utakapokamilika.

Uandishi wa vipengele ni kazi inayostahili siku yake pekee. Soma sentensi hii, ambayo mfano wake huonekana katika mikataba mingi: "Mwajiri atajitahidi kuwapandisha vyeo wafanyakazi wanaostahili kadiri fedha zitakavyopatikana." Mfanyakazi hawezi kumshtaki mtu kwa kutojitahidi, na hakuna siku ambayo fedha zitasemwa zimepatikana. Sasa soma hii: "Mfanyakazi aliyetimiza miaka mitatu katika daraja lake na kupata tathmini ya kuridhisha atafikiriwa na bodi ndani ya siku 60 tangu kutimiza muda huo, na bodi itampa uamuzi wake kwa maandishi ukiwa na sababu." Ya pili haiahidi cheo kwa kila mtu, lakini ina mtu, tendo, muda na ushahidi. Kila kipengele kipimwe kwa mambo hayo manne. Kisichokuwa nayo kirudishwe mezani.

Saini, usajili na nguvu ya mkataba

Viongozi wengi husherehekea siku ya kutia saini, na magazeti hupiga picha. Kisheria siku yenye maana zaidi ni ile ya usajili. Kifungu cha 60 kinataka mkataba uwasilishwe katika Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ndani ya siku 14 tangu kukamilika. Mwajiri ndiye mwenye wajibu huo, lakini asipoutimiza chama kinaruhusiwa kuuwasilisha. Kifungu cha 59 kinasema mkataba huanza kutekelezeka ukishasajiliwa, kuanzia tarehe ambayo pande mbili zilikubaliana. Kuanzia hapo masharti yake huingia katika mkataba wa ajira wa kila mfanyakazi anayehusika, awe mwanachama au la, na ndiyo maana sheria inaruhusu, kwa agizo la Waziri, wasio wanachama wanaonufaika wakatwe ada ya uwakala.

Mkataba wa madaktari wa Juni 2013 ulitiwa saini lakini haukusajiliwa. Kilichofuata ni mgomo ulioanza Desemba 5, 2016 na kudumu siku 100, ambamo viongozi saba wa KMPDU walifungwa gerezani mnamo Februari 13, 2017 kwa kudharau amri ya mahakama, wakaachiliwa siku mbili baadaye na Mahakama ya Rufani. Mkataba mpya ulipopatikana mwaka 2017 uliwekewa msingi thabiti zaidi, na faida yake ilionekana miaka saba baadaye. Mwaka 2024 serikali ilipotaka kuwalipa madaktari wanagenzi Sh70,000 kwa mwezi badala ya zaidi ya Sh206,000 zilizomo katika mkataba huo, chama kilikuwa na waraka wa kusimamia. Ulihitajika mgomo wa siku 56 na miezi mingine ya kufuatilia, lakini hoja haikuwa tena kama kiwango kile kilikubaliwa.

Kwa hiyo andaa hati za usajili mapema: nakala halisi za mkataba, barua ya ushauri ya SRC, na hati ya kiapo. Siku ya 10 ikifika na mwajiri bado hajapeleka, chama kiende chenyewe.

Majadiliano yakikwama

Mzozo usiotatulika huripotiwa kwa Waziri wa Leba, ambaye huteua mpatanishi ndani ya siku 21, na mpatanishi ana siku 30 za kujaribu kuzisuluhisha pande mbili isipokuwa zikubaliane kuongeza muda. Tumia hatua hii kwa dhati. Mpatanishi mzuri humpa mwajiri njia ya kubadili msimamo bila kuonekana ameshindwa, na mara nyingi ndiye wa kwanza kuwaleta Hazina na SRC katika chumba kimoja. Ikishindikana, chama kinaweza kwenda mahakamani au kutoa notisi ya mgomo ya siku saba kwa maandishi, kwa mwajiri na kwa Waziri.

Kuhusu mgomo nitasema machache, kwa sababu unajulikana kuliko hatua nyingine zote. Mgomo uliofuata sheria humlinda mfanyakazi asifukuzwe kwa kugoma, lakini haumlazimishi mwajiri kumlipa kwa siku ambazo hakufanya kazi. Usiofuata sheria unamweka kwenye hatari ya nidhamu. Huduma zilizoorodheshwa kuwa za lazima, zikiwamo za hospitali, maji, zimamoto, uongozaji wa ndege na feri, zina vikwazo vikali, na mizozo yake huamuliwa na mahakama. Wauguzi na madaktari wamegoma licha ya hayo, na mahakama imewahi kutoa amri dhidi yao zaidi ya mara moja. Kiongozi wa tawi la hospitali asiwaite wenzake nje kabla ya kupata ushauri wa wakili na wa ofisi kuu ya chama. Na kila mgomo unapokwisha, mkataba wa kurejea kazini utaje kwamba hakuna atakayeadhibiwa, mishahara iliyozuiliwa itafanywaje, na kila ahadi itatekelezwa tarehe gani na ofisi ipi.

Kufuatilia utekelezaji

Mwezi wa kwanza baada ya tarehe ya utekelezaji, wawakilishi vituoni wakusanye hati za mshahara za wafanyakazi wachache wa kila daraja na kuzilinganisha na majedwali ya mkataba, mstari kwa mstari. Kosa la hesabu likigunduliwa Julai hurekebishwa kwa barua moja. Likigunduliwa baada ya miaka miwili huwa deni ambalo litaingizwa kwenye orodha ya malimbikizo na kusubiri pamoja na mengine. Ikiwa pande mbili ziliunda kamati ya pamoja ya utekelezaji, ikutane kila robo mwaka na iwe na mwakilishi wa idara ya fedha, maana afisa wa rasilimali watu hana uwezo wa kujibu kwa nini fedha hazikutolewa.

Wafanyakazi wapya wapewe nakala ya mkataba pamoja na Fomu S wiki yao ya kwanza. Mwanachama anayedai kilichomo tayari katika mkataba apelekwe kwenye utaratibu wa malalamiko na, ikibidi, mahakamani, wala dai lake lisihifadhiwe kungoja majadiliano yajayo, kwa kuwa kulirudisha mezani ni kumpa mwajiri nafasi ya kujadili upya jambo alilokwisha kulikubali. Madai mapya kabisa yaandikwe katika daftari la tawi yanapojitokeza, yakiwa na tarehe, kituo na idadi ya wanaohusika, ili waraka wa bajeti wa Agosti unaofuata ukitoka, kamati iwe na mahali pa kuanzia.